Simbamarara si mnyama wa joto tu

Filamu na katuni zimetuzoesha kumwona simbamarara kwenye msitu wa joto, ndiyo maana wengi huamini hawezi baridi. Si kweli. Mashariki ya mbali ya Urusi, katika milima ya Sikhote-Alin, wapo simbamarara wanaowinda kwenye theluji, baridi ikishuka chini ya nyuzi -30. Manyoya yao ya majira ya baridi ni marefu na mazito kuliko ya wenzao wa India. Huko Bhutan, kwenye milima ya Himalaya, simbamarara wamepigwa picha mahali palipo zaidi ya mita 4,000 juu ya usawa wa bahari.

Kinachowamaliza ni bunduki na njaa. Kufikia miaka ya 1940 wale wa Urusi walibaki makumi machache tu. Uwindaji ukapigwa marufuku mwaka 1947, na leo wako mamia. Lakini misonobari ya Korea ikikatwa kwa ajili ya mbao, nguruwe mwitu hukosa mbegu za kula, na simbamarara hukosa nguruwe. Juu ya hayo imeingia homa ya nguruwe ya Afrika, ugonjwa unaoua nguruwe. Nguruwe wakipungua, simbamarara huingia vijijini kuvizia mbwa, na huko hupigwa risasi.