Kapu moe: mwiko uliomfanya mfalme atambae mbele ya mkewe

Kapu hili si lile la kubebea nyanya sokoni. Kwa Kihawaii, kapu ni mwiko, na moe ni kulala. Kapu moe basi ni mwiko uliomtaka kila mtu ajilaze kifudifudi chifu wa damu kubwa anapopita. Ukibaki umesimama, adhabu ilikuwa kifo.

Si kila mtawala alikuwa nao. Cheo kilitoka kwa baba na kwa mama, na wazazi wakiwa wa damu moja, mtoto alipanda juu zaidi. Ndiyo maana machifu waliozana ndugu kwa ndugu. Kwetu binamu akioa binamu tunaona ndiyo mwisho; kwao huo ulikuwa mwanzo tu.

Mtazame Keōpūolani, chifu wa kike wa visiwa vya Hawaii, aliyezaliwa Wailuku, kisiwani Maui, mnamo 1778. Baba yake, Kīwalaʻō, na mama yake, Kekuʻiapoiwa Liliha, walitoka tumbo moja, la Bibi Kalola, ila kila mmoja na baba yake. Baba wa Liliha ni Keōua, ambaye pia ndiye aliyemzaa Kamehameha, mfalme aliyeviunganisha visiwa vya Hawaii. Kwa hesabu yetu, Kamehameha ni mjomba wa binti huyo. Ni mjomba, kisha akawa mume.

Mambo yalikwenda hivi. Kīwalaʻō aliuawa 1782 katika vita vya Mokuʻōhai, akipigana dhidi ya Kamehameha. Mwaka 1790 Kamehameha aliipiga Maui, na Kalola akakimbilia kisiwa cha Molokaʻi na mjukuu wake. Huko, akiwa mgonjwa wa kufa, alimkabidhi binti kwa mshindi. Kamehameha alikuwa na mikuki na mizinga; damu ya namna ile hakuwa nayo. Inasimuliwa kwamba alimwendea mkewe kwa kutambaa. Watoto wao, Liholiho, Kauikeaouli na Nāhiʻenaʻena, walimzidi cheo baba yao mzazi.

Keōpūolani mwenyewe alipendelea kutoka jua likishazama, watu wasipate shida ya kulala vumbini.

Ila mwiko haukumwacha huru naye. Mwanamke, hata awe yeye, hakuruhusiwa kula nguruwe, nazi wala ndizi za aina nyingi, wala kula pamoja na wanaume. Kamehameha alipofariki Mei 1819, Keōpūolani aliketi akala na Kauikeaouli, mtoto wa kiume wa miaka mitano hivi. Novemba, huko Kailua, Liholiho, sasa mfalme, akaketi karamuni kwenye meza ya wanawake. Kula huko kunaitwa ʻai noa, kula bila mwiko. Baada ya hapo mahekalu yalibomolewa na sanamu za miungu zikachomwa moto.

Keōpūolani alifariki Lahaina, Septemba 1823, muda mfupi baada ya kubatizwa. Alikuwa ameagiza asiombolezwe kwa desturi za zamani, ambapo watu walijing'oa meno ya mbele kwa ajili ya chifu aliyekufa.