Rumbera katika sinema: dhana na maisha ya Ninón Sevilla

Rumbera ni mwanamke anayecheza na kuimba muziki wenye asili ya Kuba katika aina ya filamu iliyostawi Mexico kuanzia miaka ya 1940 hadi katikati ya miaka ya 1950. Si kila mchezaji wa kilabuni aliyeonekana katika sinema za wakati huo anastahili jina hilo. Rumbera ndiye mhusika mkuu, na kisa chake hupita njia inayojulikana: binti asiye na hatia hupoteza ulinzi wa familia, hulaghaiwa na mwanamume, hutumbukia katika danguro au kilabu cha usiku, kisha hupanda jukwaani na kuwa nyota huku jamii ileile inayomshangilia ikiendelea kumnyooshea kidole.

Filamu zilikuwa za Mexico, lakini wachezaji walikuwa Wakuba kwa sehemu kubwa. Kati ya watano wanaohesabiwa kuwa malkia wa fani hii, María Antonieta Pons, Amalia Aguilar, Rosa Carmina na Ninón Sevilla walizaliwa Kuba. Ni Meche Barba pekee aliyetoka kwingine. Wakati huo, chini ya Rais Miguel Alemán (1946–1952), viwanda viliongezeka, watu wa mashambani walihamia Mexico City kwa wingi, na vilabu vya usiku vikashamiri. Hofu ya msichana kupotelea mjini ilikuwa ya kweli, na watengenezaji wa filamu waliigeuza kuwa biashara.

Ninón Sevilla, ambaye jina lake la kuzaliwa ni Emelia Pérez Castellanos, alizaliwa Havana. Alipokuwa msichana aliwahi kufikiria kuwa mtawa; baadaye alichagua jina la kisanii kutokana na Ninon de Lenclos, mwanamke wa Ufaransa wa karne ya 17 aliyesifika kwa akili na kwa wapenzi wake, uamuzi ambao hauwezi kuwa wa bahati mbaya. Alifika Mexico kama mchezaji wa jukwaani, mtayarishaji Pedro Arturo Calderón akamwona na kumpa mkataba.

Filamu inayoeleza dhana hii vizuri kuliko nyingine ni Aventurera ya mwaka 1950, iliyoongozwa na Alberto Gout. Elena, binti wa Chihuahua, anaachwa na mama aliyetoroka na mpenzi, baba anajiua, na yeye anauzwa katika danguro la Ciudad Juárez. Baadaye anaolewa na kijana wa ukoo wenye heshima huko Guadalajara, kisha anagundua kwamba mama mkwe wake ndiye yule yule mwenye danguro. Mwandishi mwingine angemfanya Elena alie na kutubu. Hapa anaamua kulipiza kisasi, na analipiza kwa furaha isiyofichwa. Kwa maoni yangu ndipo Sevilla alipowazidi wenzake, kwa sababu rumbera wake hakuomba kuhurumiwa. François Truffaut, alipokuwa bado mhakiki kijana nchini Ufaransa, alimsifu kwa maandishi.

Kuna jambo moja lisilopendeza. Rumba ilianzishwa na Wakuba weusi, wazao wa watumwa wa Kiafrika, katika mitaa na bandari za Havana na Matanzas, lakini nyota walioitwa rumbera walikuwa karibu wote weupe. Filamu zilitumia ngoma na ibada za Santería, dini ya Kuba yenye asili ya Kiafrika, kama pambo, na wapigaji weusi wakawekwa nyuma ya mchezaji. Muziki huohuo wa Kuba ulifika Kongo kwa njia ya santuri, bila hadithi ya danguro, na wanamuziki wa huko wakautumia kutengeneza rumba yao wenyewe.

Kuanzia mwaka 1952, Ernesto Uruchurtu, aliyekabidhiwa utawala wa jiji la Mexico City, alibana saa na shughuli za vilabu vya usiku. Televisheni nayo ikaanza kuwavuta watazamaji. Filamu za rumbera zikafifia kabla ya muongo huo kwisha, na Sevilla akakaa mbali na sinema kwa miaka mingi. Alirudi katika miaka ya 1980 kwa filamu ya Noche de carnaval, iliyompatia Ariel, tuzo kuu ya sinema ya Mexico, kisha akaigiza katika tamthilia za televisheni, ikiwemo María la del Barrio. Alifariki Mexico City tarehe 1 Januari 2015.