Je, wajua? Filamu isiyo na msimulizi nayo ina msimamo

Frederick Wiseman wa Boston alisomea sheria kabla ya kugeukia filamu za makala. Kwa zaidi ya nusu karne alizichungulia taasisi za umma za Marekani: hospitali, shule, polisi, ofisi za misaada, hadi serikali ya jiji lake katika filamu City Hall ya mwaka 2020. Humo humsikii msimulizi. Hakuna mahojiano wala muziki wa kupachikwa. Basi mtazamaji ajuaje anachofikiri Wiseman?

Wengi hujibu kwamba hafikirii chochote: kaweka kamera, mambo yakajisema yenyewe. Hapo ndipo watu hukosea, na kosa lenyewe si dogo. Anayeamini hivyo huitazama filamu kama dirisha, asiulize nani kalikata dirisha hilo na kwa nini linatazama upande huo. Wiseman mwenyewe alikataa dai hilo: kila picha ni uamuzi, toka pa kuelekeza kamera hadi pa kukata. Alishika kinasa sauti mwenyewe, akimwongoza mpigapicha kwa ishara. Kisha alijifungia kuhariri kwa miezi mingi, mara nyingi karibu mwaka. Near Death (1989) inakaribia saa sita, na bado ni sehemu ndogo ya kilichorekodiwa.

Hoja yake imo kwenye mpangilio. Fikiria wakili mahakamani. Haruhusiwi kutoa ushahidi, lakini huchagua nani aitwe kizimbani, nani atangulie, nani afuate. Shahidi wa pili hubadilisha uzito wa maneno ya wa kwanza, ingawa hakuna neno lililoongezwa.

Katika Titicut Follies (1967), iliyopigwa katika gereza-hospitali la Bridgewater, Massachusetts, daktari anamlisha mfungwa kwa mpira unaopitishwa puani, sigara ikining'inia mdomoni mwa daktari huyo. Katikati ya tukio hilo zinaingizwa picha za mfungwa huyohuyo akiwa maiti, akinyolewa na kuandaliwa kwa mazishi. Hakuna anayesema kwamba alitunzwa vizuri zaidi alipokufa, ila kila mtazamaji hulisikia. Baadaye Wiseman aliona mkato huo ulisukuma mno, na filamu zake zilizofuata humwachia mtazamaji kazi kubwa zaidi.

Kuna jambo moja la kushikilia kwa tahadhari. Wiseman aliamini kwamba watu hawabadiliki sana mbele ya kamera. Ni vigumu kulipima, maana hatuna picha za siku ambazo kamera haikuwapo.

Kuhusu Titicut Follies, jimbo la Massachusetts lilishtaki, likitaja faragha ya wafungwa, na umma kwa jumla haukuruhusiwa kuiona filamu hiyo hadi 1991. Mahakama iliamuru pia iwekwe taarifa kwamba hali Bridgewater imeboreshwa tangu 1966. Wiseman aliiweka mwishoni: kwanza amri yenyewe, kisha sentensi iliyoamriwa.