Gunia Lina Habari: Yanayosemwa Kuhusu Ibrahim Mahama

Picha ya jengo lililovishwa magunia makuukuu na msanii Ibrahim Mahama ikifika kwenye simu za watu wa Malindi, maneno hayakawii. Mzee mmoja wa barazani kwetu aliniuliza, "Mwanangu, hiyo nayo ni kazi? Hata mimi ningekuwa na magunia ningelifunika soko zima."

Shikamoo mzee wangu, lakini kutandaza ndilo jambo la mwisho. Mahama, aliyezaliwa Tamale, kaskazini mwa Ghana, mwaka 1987, huenda sokoni akawapa wafanyabiashara magunia mapya, naye akachukua yao yaliyochakaa. Kisha watu wengi hukaa chini kuyashona, na miongoni mwao wamo waliohamia mjini kutafuta kibarua. Baadhi yao wamechanja majina ya jamaa zao mkononi, na mikono hiyo Mahama ameipiga picha. Mwaka 2015, kwenye maonyesho ya sanaa ya Venice, Italia, magunia yao yalifunika kuta za ujia mrefu wa nje. Mwaka 2017 yalishonwa mchana kweupe katika uwanja wa Syntagma, Athens. Kwa hiyo anayedhani kazi ile ni ya mtu mmoja naye amekosea.

Mimi nimekua nikimsaidia mama mdogo kufunga magunia ya mahindi kwa shazia. Unapomaliza mshono unaacha masikio mawili pembeni, hamali apate pa kushika. Gunia likizeeka, masikio ndiyo huchanika kwanza, halafu huja kiraka, halafu jina la tajiri mwingine juu ya mhuri wa kwanza. Alama hizo ndizo Mahama anazozitafuta, na ndiyo sababu gunia jipya halimfai.

Kosa linaloniuma zaidi ni kuyaita magunia yale "vitu vya asili vya Kiafrika". Ni ya juti, na juti hulimwa hasa India na Bangladesh. Ghana huyaagiza kutoka Asia kwa ajili ya kakao, gunia moja likichukua kama kilo 64, pungufu ya gunia letu la mahindi la kilo 90. Kakao ikishasafirishwa kwenda nje, magunia mengine hubaki nyumbani, yakabeba mchele na mahindi, mwisho mkaa. Nguo ile ya ukutani, basi, ni njia nzima ya biashara: nani alilima, nani alibeba mgongoni, nani alikula chokoleti.

Wengine husema hayo ni magunia ya katani. Katani tunaijua sisi, mashamba yake yako Vipingo, ukipita barabara ya Mombasa unayaona. Hiyo hutoka kwenye jani. Juti hutoka kwenye ganda la shina, linalolowekwa majini mpaka lilegee, kama makumbi ya nazi yanavyolowekwa huku pwani kabla ya kupondwa na kusokotwa kamba. Tena mmoja katika mimea miwili ya juti ni mrenda, huu huu tunaoula na sima. Nilipolijua hilo nilimwambia mama mdogo, akaliacha sufuria na kuja kutazama picha.

Eti anajua magunia tu? Mwaka 2024 alilivika jengo la Barbican, kituo cha sanaa cha London, kitambaa cha zambarau na waridi kilichofumwa na kushonwa kwa mkono huko Tamale.

Na lile la kwamba mali yote inaishia Ulaya si kweli. Tamale amejenga kituo cha sanaa kilichofunguliwa 2019, kisha kingine, Red Clay, nje kidogo ya mji. Watu huingia bila kulipa. Uwanjani zimeegeshwa ndege kuukuu alizozinunua, na watoto hupanda wakakaa ndani kusoma.