Ukuta uliopasuka: nembo na kaulimbiu ya Kikosi namba 617

Ukitazama nembo ya Kikosi namba 617 cha Jeshi la Anga la Uingereza, RAF, utaona duara, na ndani yake ukuta uliolala kutoka upande hadi upande. Miale mitatu ya radi imeushukia kutoka juu na kuupasua, na maji yanamwagika penye ufa. Chini, kwenye utepe, kuna maneno ya Kifaransa: “Après moi le déluge”, yaani “baada yangu, gharika”. Asiyejua habari za kikosi hicho anaweza kudhani ni mchoro wa hadithi ya Nuhu. Anayezijua anaona ripoti ya usiku mmoja wa Mei 1943, kikosi kilipovunja mabwawa ya Ujerumani.

Nembo ya kikosi cha vita ni alama rasmi ya kundi fulani la askari, iliyochorwa kwa kufuata kanuni za elimu ya nembo na kuidhinishwa na mwenye mamlaka. Kwa Uingereza, mwenye mamlaka hayo ni mfalme au malkia. Msomaji wa Afrika Mashariki ana mfano karibu: Ngao ya Taifa ya Tanzania, yenye Bibi na Bwana waliosimama pembeni na utepe wa “Uhuru na Umoja” chini, imejengwa kwa desturi hiyohiyo. Nembo ya kikosi cha anga ni nyepesi zaidi. Haina ngao wala wahimili wa pembeni. Ina duara lililoandikwa jina la jeshi na namba ya kikosi, majani yaliyolizunguka, taji juu, na utepe wa kaulimbiu chini. Hayo yote hufanana kwa kila kikosi. Kinachotofautiana ni picha iliyo katikati na maneno ya utepe, na hapo ndipo kikosi kinapojieleza.

Kabla ya katikati ya miaka ya 1930 mambo yalikuwa holela. Kila kikosi kilijichorea kinachopenda, na ubora ulitegemea kama kuna fundi mwenye mkono mzuri. Ndipo RAF ikaweka Mkaguzi wa Beji, naye alitoka miongoni mwa wataalamu wa nembo wa kifalme walioko London. Utaratibu ukawa huu: kamanda anapendekeza wazo na kaulimbiu, mkaguzi analipitia na kulipanga kwa sheria za fani yake, msanii anachora, na mwishowe mchoro unapelekwa kwa mfalme kutiwa saini. Sahihi hiyo ndiyo inayoifanya nembo kuwa nembo. Bila hiyo ni picha tu.

Wataalamu hawa wana lugha yao. Picha haitoshi kwao, kwa sababu rangi huchujuka na wachoraji hutofautiana. Kila nembo huandikiwa maelezo mafupi, kavu kama hati ya mahakama, ambayo msanii yeyote aliyesomea fani anaweza kuyafuata akapata nembo ileile. Kwa Kikosi namba 617 maelezo hayo, nikiyaweka kwa lugha ya kawaida, yanasema: juu ya duara, ukuta uliolala katikati, umevunjwa na miale mitatu ya radi inayoelekea kukutana chini, na kwenye ufa yanatoka maji katika rangi yake ya asili. Hakuna neno “bwawa”. Hakuna jina la mji, rubani wala bomu. Elimu ya nembo haitaji tukio, inataja maumbo. Kazi ya kuunganisha umbo na tukio anaachiwa mtazamaji.

Vikosi vya ndege za mabomu vya wakati wa Vita Kuu ya Pili vilikuwa na nembo nyingi za aina hii, na baadhi ni za werevu. Kikosi namba 9 kilikuwa na popo na maneno ya Kilatini “Per noctem volamus”, tunaruka usiku kucha, ambayo kwa watu waliovuka bahari gizani kwenda kulipua Ujerumani ni maelezo ya kazi kuliko majigambo. Kikosi namba 218 kilibeba jina la Gold Coast, Ghana ya leo. Nembo yake ni kioo cha mchanga cha kupimia muda, na kaulimbiu yake maana yake ni “kwa wakati”. Kikosi namba 75 cha watu wa New Zealand kilitumia Kimaori: “Ake ake kia kaha”, milele na milele uwe imara.

Kikosi namba 44, kilichopewa jina la Rhodesia, Zimbabwe ya leo, kilikuwa na tembo. Tembo yule alitokana na muhuri wa Lobengula, mfalme wa Wandebele, na alichaguliwa kuonyesha uzito wa mashambulizi. Jambo hili hunishangaza kila nikilifikiria. Lobengula alinyang’anywa nchi na watu wa Cecil Rhodes, mkoloni wa Kiingereza, mwaka 1893. Nusu karne baadaye muhuri wake unapamba kikosi kilichopewa jina la nchi iliyopewa jina la Rhodes, na chini yake kuna Kilatini kinachosema kwamba radi za mfalme ni za haki. Mfalme anayetajwa, bila shaka, si Lobengula.

Kiswahili nacho kimo. Kikosi namba 259, kilichoundwa Kipevu, Mombasa, mwanzoni mwa 1943, kilichukua kaulimbiu “Haya ingia napigane”. Sarufi yake ina kigugumizi kidogo, msomaji atasamehe. Hakikuwa kikosi cha kulipua miji. Kilirusha Catalina, ndege zinazotua majini, kuwinda nyambizi katika Bahari ya Hindi, na Agosti 1943 kilishiriki kuizamisha nyambizi ya Ujerumani U-197 kusini mwa Madagaska.

Nembo hizi zisichanganywe na michoro ya kwenye pua za ndege. Ile ilikuwa ya wafanyakazi wa ndege wenyewe: wasichana, wanyama wa vikatuni, vichekesho, na safu ya vibomu vidogo, kimoja kwa kila safari waliyorudi salama. Haikupelekwa kwa mfalme yeyote, na ndege ikianguka iliteketea nayo. Nembo ya kikosi ilibaki hata wale walioipendekeza wakiwa wamekufa wote.

Turudi kwa 617. Kikosi kiliundwa Machi 1943 kwenye uwanja wa Scampton, katika jimbo la Lincolnshire, kwa kazi moja ambayo marubani hawakuambiwa mpaka karibu na siku yenyewe. Kamanda wake, Guy Gibson, alikuwa na miaka 24. Kazi ilikuwa kuvunja mabwawa yaliyolisha maji na umeme eneo la viwanda la Ruhr. Mhandisi Barnes Wallis alibuni bomu la umbo la pipa, lenye uzito wa zaidi ya tani nne, ambalo lilizungushwa kinyumenyume kabla ya kuachiwa ili lirukeruke juu ya maji, lipite juu ya nyavu za kuzuia topido, ligonge ukuta, lizame likiwa limeugusa, kisha lilipuke chini. Ili lifanye hivyo, ndege kubwa ya Lancaster ilipaswa kuruka mita 18 tu juu ya maji, usiku. Urefu huo walipima kwa taa mbili zilizofungwa chini ya ndege: miduara ya mwanga ikikutana juu ya maji, wapo pale panapotakiwa.

Usiku wa tarehe 16 kuamkia 17 Mei ziliondoka ndege 19. Bwawa la Möhne lilipasuka kwa bomu la tano, na la Eder kwa la tatu. La Sorpe, ambalo lilijengwa kwa udongo ulioshindiliwa na kiini cha zege, liligongwa lakini halikuvunjika. Ndege nane hazikurudi. Watu 53 kati ya 133 waliopaa walikufa na watatu wakatekwa. Siku kumi baadaye Mfalme George VI alifika Scampton, na Gibson akamwonyesha michoro ya nembo iliyopendekezwa ili achague. Ukuta uliopasuka ndio ulioshinda.

Kikosi cha miezi miwili kupata nembo ya namna hii si jambo la kawaida. Vikosi vingi vilichagua mnyama au silaha, kitu kinachosema “sisi ni wa aina hii”. 617 kilichagua tendo, kitu kinachosema “sisi tulifanya hivi”. Ndiyo maana nembo yake husomeka kirahisi, na ndiyo maana pia ni ngumu kuibeba: mnyama unaweza kumpa maana mpya kila kizazi, lakini tendo limeshatendeka.

Kaulimbiu nayo ina historia iliyopinda. Maneno hayo huhusishwa na mfalme wa Ufaransa Louis XV na hawara yake, Madame de Pompadour. Husimuliwa kwamba aliyatamka, kwa sura ya “baada yetu”, kumliwaza mfalme baada ya jeshi lake kushindwa Rossbach mwaka 1757. Maana yake ya asili ni ya mtu asiyejali: tule raha zetu, yatakayofuata tukishaondoka si shauri letu. Ni maneno yanayonuka uzembe wa watawala, na mapinduzi ya 1789 yakayafanya yanuke zaidi. Vijana wa Scampton waliyageuza yawe ya kweli neno kwa neno: nikishapita mimi, gharika inakuja. Ni mzaha wa wanafunzi wa shule waliosoma historia kidogo, na kama mzaha ni mzuri sana.

Lakini mzaha ule una pande mbili. Gharika haikuchagua. Mawimbi yaliyotoka Möhne yaliufikia mji wa Neheim, na huko kulikuwa na kambi ya wafanyakazi wa kulazimishwa, wengi wao wanawake waliotolewa Ukraine na sehemu nyingine za Ulaya mashariki. Hawakuwa na pa kukimbilia. Waliokufa kwenye mabonde yale mawili hukadiriwa kuwa kati ya 1,300 na 1,600, na zaidi ya nusu yao walikuwa mateka na wafanyakazi wa kigeni, yaani watu ambao Uingereza ilikuwa vitani upande mmoja na nchi zao. Ukuta wa Möhne wenyewe ulijengwa upya kabla mwaka haujaisha. Kwa hiyo maana ya zamani ya Pompadour, ile ya kutojali yanayofuata nyuma, haikufutika kwenye utepe kama waliouchagua walivyodhani. Sisemi kwamba Gibson na wenzake walijua habari za kambi ile walipochagua nembo. Nasema tu kwamba kaulimbiu ya maneno manne ilitosha kubeba ushujaa wao na vifo hivyo pamoja, na nembo haina alama ya kutenganisha viwili hivyo.

Mwaka 1977 mkataba wa ziada wa Geneva, katika kifungu cha 56, ulizuia mashambulizi dhidi ya mabwawa pale ambapo maji yakiachiwa yangeua raia wengi.

Kikosi kiliendelea na kazi nyingine. Novemba 1944, pamoja na Kikosi namba 9 cha popo, kiliizamisha manowari ya Ujerumani Tirpitz karibu na Tromsø, Norwe, na kwa miaka mingi baada ya vita vikosi hivyo viwili viligombea sifa hiyo kiasi cha kuibiana kipande cha chuma kilichotolewa ndani ya meli hiyo. Gibson hakuishi kuiona siku hiyo. Alikuwa amekufa Septemba, ndege yake ilipoanguka Steenbergen, Uholanzi, akiwa na miaka 26. Leo 617 kinarusha F-35B kutoka uwanja wa Marham, mkoani Norfolk, chini ya ukuta uleule, miale ileile mitatu na utepe uleule.