Filamu za Adriënne Solser: umri wa mkanda si ruhusa ya kuunakili

Malalamiko yanayotufikia sisi watunza filamu ni ya namna moja: picha ni ya karne iliyopita, mwenyewe keshafariki, mnazuia nini? Wanaouliza wanazipenda filamu hizi, na tunawashukuru. Ila hesabu wanayopiga si sahihi.

Adriënne Solser alizaliwa Rotterdam mwaka 1873. Alichekesha jukwaani miaka mingi kabla ya kuanzisha, mwaka 1924, kampuni ya Hollando-Belgica pamoja na mwanawe, André Boesnach, aliyeongoza filamu hizo pamoja naye. Katika umri ambao wengi huachiwa nafasi za pembeni, akawa mtayarishaji, mwongozaji mwenza na nyota wa filamu zake mwenyewe, akiigiza Bet, mama wa mtaa wa Jordaan, Amsterdam. Ya mwisho, Bet naar de Olympiade, ilitoka mwaka wa Olimpiki za Amsterdam, 1928.

Zilikuwa filamu bubu, naye alisafiri nazo, akisema na kuimba ya Bet mbele ya watazamaji huku picha zikipita. Sehemu hiyo haimo kwenye mkanda. Anayeitazama leo kimya na kusema haichekeshi, ameona nusu ya kazi yake. Kibaya zaidi ni spidi. Mkanda wa milimita 35 wenye urefu wa mita 305 una picha 16,000; kwa picha 18 kwa sekunde huchukua karibu dakika 15, kwa 24 dakika 11 tu. Ukiuharakisha, pumzi ya mzaha inakatika.

Mikanda ya enzi hizo ni ya nitrati, aina ya plastiki inayoshika moto upesi. Ikishika moto haizimiki hata majini, kwa sababu hujitengenezea oksijeni yenyewe. Inapoanza kuoza, picha hufifia na kugeuka rangi ya kahawia, kisha mkanda unanata, unatoa povu, unagandamana, na mwisho unakuwa unga. Ukiikuta nyumbani usiikunjue, usiitie kwenye projekta, wala usiifungie kopo lisilopitisha hewa: gesi zake zenye asidi huharakisha uozo. Iweke mahali pa baridi, mbali na jua na jiko, upige simu hifadhi ya filamu. Usiitume kwa posta. Ni mzigo wa hatari.

Sasa hakimiliki. Kwa sheria ya Uholanzi, ulinzi wa filamu hudumu miaka 70 baada ya kifo cha wa mwisho kati ya hawa: mwongozaji mkuu, mwandishi wa mswada wa filamu, mwandishi wa mazungumzo, na mtunzi wa muziki uliotungwa kwa ajili ya filamu hiyo. Solser alifariki mwaka 1943; fungu lake liliisha tarehe 31 Desemba 2013. Lake tu. Boesnach anahesabiwa kivyake, na waandishi vilevile. Muziki mpya uliowekwa kwenye nakala iliyokarabatiwa una mwenyewe na miaka yake. Tumelieleza hili mara nyingi: kifo cha nyota hakifungui filamu.

Anayenakili kwa makusudi bila haki anaweza kufungwa hadi miezi sita au kutozwa faini ya daraja la nne kati ya madaraja sita ya faini za Uholanzi. Anayeifanya kuwa kazi au biashara yake, kifungo kinafika miaka minne, au faini ya daraja la tano. Kusema “sikupata hata senti” hakumwondolei mtu kosa la kwanza.