Je, wajua kwa nini neva hupwa kama bahari ya bamvua, hali iitwayo haipapolarizesheni?

Anayesafisha ngisi pale soko la samaki Bagamoyo huenda hana habari kwamba kisu chake kinapita kwenye neva ya aina iliyowapa watu Tuzo ya Nobel. Ngisi ana nyuzi za neva nene ajabu. Kwa baadhi yao uzi mmoja hukaribia milimita 1, unauona kwa macho. Ndizo zinazombana mwili ghafla, maji yakafyatuka, naye akachomoka. Waingereza Alan Hodgkin na Andrew Huxley walipenyeza waya ndani ya uzi huo wakapima umeme wake, na mwaka 1952 wakaeleza unavyokwenda. Nobel ikafuata 1963.

Neva iliyotulia huwa hasi kwa ndani, kwa kawaida kama milivolti -70. Ikiamshwa, vilango vya sodiamu hufunguka, chaji chanya huingia, na kufumba na kufumbua ndani pamegeuka chanya. Kisha hufunguka vilango vya potasiamu, nayo hutoka. Utamu uko hapa: vilango hivi ni vizito kufunga. Potasiamu huzidi kuvuja mpaka ndani pakawa hasi kuliko mwanzo, tuseme -80. Kushuka huko ndiko haipapolarizesheni.

Mtu wa pwani hahitaji mchoro. Siku za bamvua maji hupwa mbali kuliko siku za maji mafu, na ngalawa iliyolala mchangani hungoja zaidi kabla ya kuelea. Neva nayo haijafa. Kuiamsha tu ndiko kunataka msukumo mkubwa zaidi. La ajabu (mimi bado linanishangaza) ni jicho: seli zinazopokea mwanga hupwa hivyo pale mwanga unapozipiga, si gizani.

Wanafizikia nao wana neno hilohilo, haipapolarizesheni, ila kwao halinyamazishi, linapaza sauti. Viini vya baadhi ya atomu ni kama visumaku. Ndani ya mashine ya MRI, ile inayopiga picha za ndani ya mwili kwa sumaku, vinavyoelekea upande mmoja huwazidi wenzao kwa vichache tu katika kila milioni, hivyo ishara ni hafifu. Kwa msaada wa leza, viini vya gesi ya zenoni-129 huelekezwa vingi upande mmoja, na ishara hupanda maelfu ya mara. Mgonjwa huivuta gesi hiyo, akabana pumzi, na picha ya mapafu hupigwa hapohapo, maana oksijeni iliyomo humo huifuta hali hiyo kabla dakika haijaisha.